Zabibu kwa Saa ya Jamhuri

Katika mkahawa mmoja mjini Mexico, hatua chache kutoka bustani ya Alameda, kulikuwa na saa mbili ukutani. Moja ilikuwa ya mwenye mkahawa, nayo ilichelewa dakika tatu nne bila mtu yeyote kukosa usingizi. Ya pili ilitundikwa juu ya meza ya pembeni, meza ya Wahispania, na hiyo haikuchelewa hata kidogo, kwa sababu kila Jumatatu don Laureano Bustillo alipanda kiti akaitia ufunguo kwa mkono wake mwenyewe. Waliiita Saa ya Jamhuri.

Don Laureano alikuwa na miaka sabini na mmoja. Aliwahi kuwa mbunge wa Soria, halafu naibu waziri wa elimu kwa miezi kumi na minne, na kabla ya siasa na baada ya siasa alikuwa profesa wa historia ya sheria, mtu wa kuinamia ngozi zilizoandikwa na makarani wa miji midogo ya Kastilia miaka mia saba iliyopita. Jamhuri ya Uhispania ilipoanguka, mapema mwaka wa 1939, alivuka mpaka wa Ufaransa kwa miguu pamoja na mkewe Eulalia. Kiangazi cha mwaka uleule alipanda meli ya kuja Mexico, na alipanda peke yake.

Mwaka uliofuata Jenerali aliyeiteka nchi aliamuru saa zote za Uhispania zisogezwe mbele saa nzima, ziende sawa na za Berlin. Habari ilipofika, watu wa meza ile walitukana mpaka mwenye mkahawa akaja kuuliza kuna nini. Don Laureano hakutukana. Alikwenda nyumbani, akajifungia siku tisa, akarudi na kurasa kumi na nne za hoja ya kisheria, zenye tanbihi thelathini na nane, kuthibitisha kwamba mnyang'anyi hana mamlaka juu ya wakati, na kwamba saa halali ya Mhispania ni ile aliyoondoka nayo. Waliisoma kwa sauti. Kanali Fermín Ugarte, aliyekuwa amepoteza kikosi kizima kwenye vita vya mto Ebro bila kutoa chozi mbele za watu, siku hiyo alilia. Wakachanga, wakanunua saa, wakaitundika. Ukitaka kucheka, cheka, hata mimi huwa nacheka. Lakini mtu aliyenyang'anywa nchi nzima hushikilia chochote kilichobaki mkononi, na hawa kilichowabakia kilikuwa saa moja tu.

Basi kila tarehe thelathini na moja Desemba walikula zabibu kwa saa hiyo. Kwao ndivyo mwaka unavyofungwa: kengele ya saa sita usiku inagonga mara kumi na mbili, na kila mlio na zabibu yake mdomoni, na atakayezimaliza pamoja na kengele mwaka wake utakuwa wa heri. Saa sita usiku ya Jamhuri iliangukia saa kumi na mbili jioni ya Mexico. Kanali alishika kijiko, akagonga glasi mara kumi na mbili, nao wakatafuna. Uhispania kwenyewe wakati huo ilikuwa imeshagonga saa saba, watu wamekula zabibu zao zamani na wako kwenye ngoma. "Wanakula zabibu za wizi," Kanali alisema kila mwaka, na kila mwaka walicheka.

Kwa don Laureano zabibu hizo zilikuwa na jambo lingine ndani yake. Alikuwa na dada, Leocadia, aliyemzidi miaka minne, na aliyemlea tangu mama yao alipofariki. Siku walipoagana kwenye stesheni ya Soria hawakusema mengi, maana treni ilikuwa imejaa masikio. Leocadia alimfunga skafu shingoni kana kwamba ni mtoto wa shule, akamwambia, "Zabibu tutakula pamoja. Wewe huko utakakokuwa, mimi hapa jikoni. Kengele ya saa sita, Laureano, usinisahau." Barua zao zilifunguliwa na polisi, kwa hiyo miaka ishirini na mitatu waliandikiana habari za kuku, mvua na jirani Benita. Kitu pekee ambacho polisi hawakuweza kukifungua kilikuwa zile zabibu.

Na mezani palikuwa na kikombe kimoja kilichofudikizwa. Kilikuwa cha Casimiro Peláez, mkemia, aliyerudi Uhispania mwaka wa 1959. Wote walikuwa wameapa, mkono juu ya meza ile, kwamba hakuna atakayekanyaga kule maadamu Jenerali yu hai, na atakayevunja kiapo kikombe chake kitalala kifudifudi. Mhudumu Nicandro alikifuta vumbi kila asubuhi, akakirudisha vilevile. Maneno ya kiapo aliyaandika nani? Don Laureano, bila shaka. Kila kamba iliyomfunga mzee yule aliisokota mwenyewe, kwa mwandiko mzuri.

Mwanzoni mwa Desemba 1962 alikuwa nyumbani akisahihisha kazi yake juu ya hati moja ya mji wa kale, kazi ambayo asingeweza kuimaliza bila kuiona ngozi yenyewe iliyokuwa Soria, ndipo doña Chole akapiga kelele kutoka mlangoni. Doña Chole ndiye aliyekuwa na nyumba. Alimpangisha chumba mwezi kwa mwezi tangu mwanzo, kwa sababu mpangaji wake alisema anaondoka mwezi ujao.

"Don Laureano! Kuna mwanamke hapa anadai ni damu yako. Na pua ni yako kweli, maskini ya Mungu!"

Alikuwa Visitación, binti wa marehemu kaka yake. Alimwacha ana miaka sita. Sasa alikuwa mwanamke mzima, ameolewa na mwenye duka la vyakula huko Puebla, na alikuwa na wiki tatu tu tangu ashuke kwenye ndege. Alimbusu mashavu yote mawili, akamshika mikono, akamtazama muda mrefu.

"Ami," alisema, "kwenye picha una nywele."

"Kwenye picha nina nchi pia. Keti, mwanangu."

Doña Chole akaleta uji wa mahindi na tamales, vile vibonge vya unga vilivyochemshwa ndani ya maganda ya mahindi, akakaa nao bila kualikwa. Visi hakuzunguka. Alisema shangazi Cadia moyo wake umechoka, miguu imevimba, daktari ameshazungumza na Benita kando. Baridi hii ndiyo ya mwisho. Labda ataifikia Pasaka, labda hataifikia.

"Amekutuma uniambie?"

"Amenikataza nisikuambie. Ndiyo maana nimekuja haraka."

Kisha akatoa karatasi kwenye mkoba. Mume wake alikuwa na rafiki anayemjua mtu kwenye ofisi inayoshughulikia karatasi za kurudi. "Wazee hawakamatwi tena, Ami. Unasaini hapa, katikati ya Januari unapanda ndege. Utakaa naye jikoni hata mwezi. Halafu ukitaka urudi kwa hao makanali wako, rudi."

Don Laureano aliikunja karatasi bila kuisoma, akaiweka chini ya kitabu. Visi akaona, akabadilisha njia.

"Niulize kitu? Hivi kweli mnakula zabibu saa saba?"

"Saa sita."

"Kwenu hapa ndiyo saa sita yenu. Kule kwetu ni saa saba, Ami. Kila mwaka. Tangu nina akili zangu, kengele za saa sita zinalia, sote tunakula, tunabusiana, wajomba wanalewa, na shangazi amekaa na bakuli lake hajagusa. Tunamwambia, kula, shangazi. Anasema, bado. Watu wanatoka kwenda uwanjani kucheza, moto unazimika, yeye anajifunga blanketi anangoja. Saa saba juu ya alama anaanza. Mimi mdogo nilidhani ni nadhiri ya kanisa."

Don Laureano alikuwa amekamata kijiko cha uji na hakukipeleka popote.

"Mwaka mmoja sajenti aliona taa," Visi aliendelea. "Akagonga mlango. Akamuuliza, wewe mwanamke, kwa nini unakula zabibu saa saba, saa za nani hizo? Shangazi akafungua mdomo hivi, akamwonyesha. Akamwambia, nina meno mabovu, bwana sajenti, naanza na wenzangu nachelewa kumaliza." Alicheka, halafu macho yakamjaa machozi. "Baadaye nilimuuliza mwenyewe. Aliniambia, kaka yako mdogo akikaidi huwezi kumvuta, inabidi umfuate alipo. Ndivyo alivyosema."

"Nilijua saa zimebadilishwa," don Laureano alisema taratibu. "Nimeliandikia kurasa kumi na nne."

"Sawa, Ami. Lakini shangazi hukumwandikia hata moja."

Ilikuwa kweli. Yeye aliyefikiri juu ya wakati, mamlaka na uhalali mpaka tanbihi ya thelathini na nane hakuwahi hata siku moja kufikiri juu ya jiko la Soria saa saba ya usiku, moto umezimika. Alikuwa na haki, na haki ile alikuwa akiilipia mwanamke mwenye miguu iliyovimba. Aliona haya, haya ya kweli, ile inayomfanya mtu asijue aweke wapi mikono yake.

Kesho yake aliipeleka karatasi mkahawani. Wakati huo meza ilikuwa imebaki na watu wachache, wengine walishazikwa kwenye makaburi ya Wahispania. Alikuwepo Kanali, na alikuwepo doña Amparo Lluch, mjane, mwalimu wa Valencia, anayefuma soksi za wajukuu wa watu wengine. Don Laureano aliwaeleza habari yote ya dada yake. Kuhusu zabibu za saa saba hakusema.

Kanali aliisikiliza mpaka mwisho, kisha akajikuna paja.

"Laureano, mimi nina risasi hapa pajani, na nina wewe. Mengine yote wamechukua."

"Ni dada yangu, Fermín."

"Na mimi sikuwa na dada? Nilimzika kwa barua. Sikiliza. Ukisaini, siku ya pili magazeti yao yataandika: naibu waziri ameomba radhi. Watakupiga picha ukishuka kwenye ndege, umevaa hiyo kofia yako mbaya. Na sisi tutaonekana tumekaa hapa miaka ishirini na mitatu tunakunywa kahawa."

"Na tumefanya nini kingine?" doña Amparo aliuliza bila kuinua macho kwenye soksi.

"Tumekataa!" Kanali alipiga meza, kikombe cha Casimiro kikaruka. "Tumekataa, mama. Hiyo nayo ni kazi, tena ya kutwa!"

"Mwache mtu akamwone dada yake, mkaidi wewe."

"Nani kamshika? Mlango ule pale. Mimi simzuii, kikombe ndicho kitakachomzuia."

Doña Amparo alimsindikiza don Laureano mpaka nje, akamshika mkono wa koti. "Saini," alimnong'oneza. "Saini leo kabla hujafikiri. Wewe ukifikiri umekwisha."

Lakini alifikiri. Jioni ile alikaa mezani kwake, akavaa miwani, akaifungua karatasi na kuisoma kama alivyozoea kusoma kila kitu, mstari kwa mstari. Jina, sawa. Mahali pa kuzaliwa, sawa. Wazazi, sawa, na Mungu awarehemu. Kazi: aliandika "mwalimu", akameza mate, sawa. Mstari wa tisa uliuliza sababu ya kuondoka nchini, na hapo hapakuachwa nafasi ya kujaza. Jibu lilikuwa limeshapigwa chapa, kwa kila mtu: Kwa hiari.

Aliishika kalamu muda mrefu.

Walivuka mpaka ule Februari, theluji magotini, ndege za vita zikiwa nyuma yao. Wafaransa waliwatia kwenye kambi iliyokuwa mchanga mtupu na seng'enge, bahari mbele, bila paa. Eulalia alishikwa na homa. Don Laureano alimchimbia shimo mchangani amkinge na upepo, akalala kwa upande ule upepo unakotoka. Eulalia alifariki Machi, na walimzika watu wanne, mmoja wao askari wa Kisenegali aliyekuwa mlinzi wao, ambaye aliweka bunduki chini na kuvua kofia. Hakuna mtu mwingine mwenye sare aliyewavulia kofia mwaka ule.

Kwa hiari.

Asubuhi alikwenda dukani kwenye simu, akampigia Visi kule Puebla. Akamuuliza, neno lile haliwezi kufutwa?

"Ndivyo zinavyochapwa, Ami. Wote wanasaini hivyohivyo. Mtu gani anasoma? Ni neno tu."

"Ndiyo. Ni neno tu," don Laureano alijibu, akamshukuru, akakata simu.

Alijaribu siku nne. Siku ya pili alifika mpaka herufi ya kwanza ya jina lake. Doña Chole alipoingia kufagia alimkuta kakaa na karatasi ileile, kahawa imepoa.

"Hicho nacho ni kitu?" alimtolea uvivu. "Mimi nilisaini kwamba marehemu mume wangu ni mtu mwaminifu, nikapata nyumba. Saini, mzee, Mungu anajua kusoma kilichofutwa."

"Nikisaini, Chole, nimesema mke wangu alijipeleka mwenyewe kwenye ule mchanga."

"Amekufa, don Laureano. Huyu mwingine bado."

Alijua doña Chole amesema kweli, alijua Amparo amesema kweli, alijua hata Kanali amesema kweli, na kweli zote tatu zilimbana kama milango mitatu iliyofungwa kwa nje. Alilia kidogo, kwa hasira zaidi kuliko huzuni. Kisha akaichukua karatasi, akaichana vipande vinne, kwa uangalifu, akiifuata mikunjo.

Kwenda hakuweza. Basi angempa dada yake kile alichoweza kumpa. Tarehe ishirini na nane alikwenda ofisi ya simu za maandishi, akapanga foleni, akaandika fomu kwa herufi kubwa: KULA ZABIBU SAA SITA PAMOJA NA WENGINE. MIMI NITAKULA NAWE KWA SAA YENU. LALA MAPEMA. LAUREANO. Kwenye "saa yenu" mkono ulisita, ukapita. Karani alihesabu maneno akamwambia yapungue. Don Laureano akakataa kupunguza hata moja.

Tarehe thelathini na moja aliingia mkahawani saa kumi na dakika hamsini, jioni, na mfuko wa karatasi. Kanali na doña Amparo walikuwa wameshafika, pamoja na wazee watatu waliotoka mitaa ya mbali kwa ajili ya siku ile tu. Don Laureano akaomba sahani. Akapanga zabibu zake kumi na mbili, akakagua saa ya mfukoni.

"Bado mapema, Laureano," Kanali alisema. "Saa nzima."

"Najua."

"Saa ya Jamhuri inasema saa tano."

"Najua inachosema. Nimeitia ufunguo mimi."

Ilipofika saa kumi na moja ya Mexico, saa sita usiku ya Jenerali, alichukua kijiko mwenyewe, akagonga glasi na kula zabibu ya kwanza. Akagonga tena. Nicandro alisimama na trei mkononi. Kwenye zabibu ya tano don Laureano alianza kutokwa jasho, kwenye ya tisa alikaribia kupaliwa, mbegu akizitemea kwenye leso kama alivyofundishwa na Leocadia. Alizimaliza zote. Akajifuta mdomo.

Kanali alikuwa amesawijika uso.

"Saa yao," alisema. "Mbele yetu. Chini ya saa yetu."

"Dada yangu yuko kwenye saa hiyo, Fermín. Sina mwingine."

Kanali hakupiga kelele, na hilo ndilo lililouma. Alinyoosha mkono, akakichukua kikombe cha don Laureano, akamimina kahawa iliyobaki kwenye kisahani na kukigeuza kifudifudi kando ya kile cha Casimiro.

"Fermín!" doña Amparo alipiga ukelele. "Hajaenda popote! Kala zabibu!"

"Kanuni kaandika mwenyewe," Kanali alisema, na sauti ilimkatika.

Don Laureano alivaa kofia yake mbaya, akawaaga kila mmoja kwa jina, akatoka. Alikaa kwenye benchi la Alameda. Ilipogonga saa kumi na mbili, kule mezani wakitafuna, yeye alikuwa akiwatazama wauza maputo, na, ajabu, moyo wake ulikuwa mwepesi. Alijiambia Leocadia ameshalala sasa. Ameshakula na wenzake, wamembusu, wamemfunika vizuri, moto bado una makaa. Miaka yote hiyo amemngoja, mwaka huu hakungoja. Alikuwa amepoteza meza ya mwisho duniani iliyojua yeye ni nani, na aliona amelipa bei ya haki.

"Umerudi mapema mwaka huu," doña Chole alimwambia mlangoni, akamnyang'anya leso yenye mbegu akaifue.

Hakurudi mkahawani. Katikati ya Januari doña Amparo alikuja kumjulia hali, akamwambia saa imesimama. Kanali mguu haumruhusu kupanda kiti, na hamruhusu mtu mwingine kuigusa.

Katikati ya Februari Visi alikuja kutoka Puebla, amevaa nguo nyeusi. Don Laureano alipoiona rangi ile alikaa chini kwanza, kisha ndipo akamkaribisha. Leocadia alikuwa amefariki tarehe tatu, usingizini. Benita alikuwa ameandika barua ndefu, nayo Visi akamsomea.

Benita aliandika habari ya padri na jeneza na nani alikuja. Halafu akaandika hivi:

"Ile simu ya Laureano ilimfurahisha sana, aliilaza chini ya mto. Lakini usiku wa mwaka mpya kengele zilipolia saa sita nilimpelekea zabibu, akazikataa. Nikamwambia, Cadia, mwenyewe kaandika ule sasa. Akacheka mpaka akakohoa. Akasema, Laureano kula kwa saa yao? Nimemlea mimi, huyo hata maziwa alikuwa hanywi mpaka aelezwe sababu. Kaandika hivyo ili nilale mapema, si unaona mwenyewe kasema nilale? Muda huu kakaa na zabibu zake anaikodolea macho saa yake, na mimi simwachi akale peke yake. Basi tukangoja. Nilimwekea mito mgongoni maana alikuwa hapumui vizuri akilala. Saa saba akaanza. Alikula zote kumi na mbili, polepole, moja nilimsaidia kumenya. Ya mwisho alipomeza akasema, haya, tumemaliza wote wawili."

Visi aliikunja barua. Nje mtu alikuwa akipita akiuza viazi vitamu. Doña Chole alikuwa amesimama mlangoni na ufagio, hafagii.

"Kwenye basi nimewaza njia nzima," Visi alisema. "Ami, niambie. Alikosea yeye, au alikujua? Ulikula saa ngapi?"

Don Laureano alimtazama. Kwa ajili ya neno moja lisilo la kweli alikuwa amemwacha dada yake afe bila kumwona. Karatasi ya mstari wa tisa alikuwa ameichana kwa mikono hii hii.

"Kwa saa ya Jamhuri," alisema. "Kama kila mwaka. Dada yangu alinijua."

Visi akavuta pumzi, akaweka kichwa begani kwa ami yake, na sasa akalia vizuri, kilio cha kupumzika. Doña Chole, aliyeifua ile leso ya mbegu jioni mzee aliporudi mapema, alimtazama, naye mzee akamtazama. Kisha doña Chole akauegemeza ufagio ukutani, akaenda jikoni kuwachemshia uji.